Matini Iliyofutika: Vichekesho vya Televisheni vya Kihispania na Hifadhi za Mtandaoni

Mhakiki wa riwaya ana bahati ambayo mara nyingi haijui. Akibishiwa, hufungua kitabu, akaonyesha ukurasa, ubishi ukaisha. Mhakiki wa vichekesho vya televisheni hana ukurasa wa kuonyesha. Muhula uliopita niliwasilisha semina kuhusu El Chavo del Ocho, mfululizo wa vichekesho kutoka Mexico, na nilitegemea vipindi kumi na viwili nilivyokuwa nimevitazama mtandaoni kwa muda wa miezi miwili. Siku ya semina mwalimu akaniambia, kwa upole tu, "Hebu tuonyeshe hicho cha tatu." Nikafungua. Kioo kikawa cheusi, na maandishi madogo yakasema video haipatikani tena. Darasa zima likacheka. Nami nikacheka, lakini moyoni nilijua kwamba theluthi ya hoja zangu imekwenda na maji.

Makala haya yanatokana na aibu hiyo. Nakusudia kueleza jinsi vichekesho vikongwe vya televisheni vya lugha ya Kihispania vilivyopotea, jinsi vinavyookolewa, na nani anayeviokoa. Aidha nitajaribu kuonyesha kwamba suala hili si la mafundi wa mitambo na wanasheria peke yao, bali linamgusa mhakiki wa fasihi pale pale anapoanzia kazi yake, yaani kwenye matini.

Najua wapo watakaouliza: huyu naye, mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili, anatafuta nini huko Mexico? Swali zuri. Tamthilia za mapenzi za Mexico tumekua nazo sebuleni, zimetiwa sauti za Kiingereza, na mama zetu wanawajua wale matajiri wenye machozi kwa majina. Vichekesho vya nchi hiyo hiyo havikutufikia. Sababu yake nadhani ni ya kifasihi kabisa: kilio hutafsirika upesi kuliko kicheko. Mtu akilia unajua analia. Akicheka kwa sababu jina la mpangaji mpya linafanana na kitenzi cha kuiba, hapo unahitaji lugha. Nilipojifunza Kihispania kidogo ndipo nilipogundua kwamba kuna hazina kubwa iliyofichwa nyuma ya lugha, na baadaye nikagundua kwamba hazina yenyewe inavuja.

Kanda ilikuwa ghali kuliko mchezo

Televisheni ilianza Mexico na Cuba mwaka 1950, Argentina mwaka 1951, na Hispania mwaka 1956. Katika miaka hiyo ya mwanzo mchezo ulichezwa moja kwa moja mbele ya kamera, ukaenda hewani, ukaisha. Ulikuwa kama ngano ya jioni: aliyekuwapo alisikia, asiyekuwapo alisimuliwa. Njia pekee ya kuuhifadhi ilikuwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye kioo cha televisheni na kupiga kilichokuwa kikionekana, jambo lililogharimu fedha na kutoa picha hafifu.

Mwaka 1956 kampuni ya Ampex ya Marekani ilileta mashine ya kurekodi picha kwenye kanda ya sumaku yenye upana wa inchi mbili. Mtu angetegemea kwamba tangu hapo kila kitu kilihifadhiwa. Kumbe ni kinyume! Kanda ile ilikuwa ghali mno, nayo ilikuwa na sifa moja ambayo wahasibu waliipenda: iliweza kufutwa na kurekodiwa upya. Basi kipindi kikisharushwa mara moja au mbili, kanda ikarudishwa studio, kichekesho cha wiki hii kikakaa juu ya kichekesho cha mwezi uliopita. Vituo vilifanya hivyo dunia nzima, na wala hawakuwa watu wabaya. Hakuna aliyefikiri kwamba kuna siku mtu angetaka kutazama mzaha wa zamani, achilia mbali kuuandikia semina.

Kilichonusurika kilinusurika kwa sababu za kibiashara. Kipindi kilichouzwa nchi nyingine kilinakiliwa, na nakala hizo zilikaa katika maghala ya nchi mbalimbali. Mfano mzuri kabisa si wa televisheni bali wa redio, lakini nautoa kwa kuwa unaeleza kila kitu. La tremenda corte, yaani "mahakama ya kutisha", ulikuwa mchezo wa redio wa Cuba uliorushwa kuanzia mwaka 1942 hadi mwaka 1961, ukiandikwa na Cástor Vispo. Hakimu, mshtakiwa mjanja aitwaye Trespatines, mlalamikaji Mgalisia na mwanamke aitwaye Nananina, basi. Kila kipindi kina kesi, kila kesi jina lake limebuniwa kwa kulifanyia vituko neno la kisheria, na Trespatines daima anahukumiwa. (Aliyewahi kutazama Vioja Mahakamani ya Kenya hahitaji maelezo zaidi: mahakama ni mahali ambapo lugha ya serikali na lugha ya mtaani hulazimishwa kukaa benchi moja.) Mchezo huu ulirekodiwa na kupelekwa katika vituo vya redio vya nchi nyingine za Amerika ya Kilatini. Waigizaji wakuu walihama Cuba baada ya mapinduzi, lakini kanda zilikuwa zimeshatapakaa. Leo mamia ya vipindi hivyo vinasikilizwa mtandaoni, na wajukuu wa wasikilizaji wa kwanza wanaendelea kucheka. Mchezo ungebaki Havana peke yake, sijui leo tungekuwa na nini.

Hali ya televisheni ilikuwa mbaya zaidi kwa kuwa picha ni nzito kuliko sauti. Kanda za inchi mbili zinazeeka. Gundi iliyoshika unga wa sumaku inanyonya unyevu, kanda inanata, ukiicheza bila kuitayarisha unga unabanduka na picha inabanduka nao. Mashine za kuzichezea hazitengenezwi tena, na mafundi wanaozijua wamestaafu au wamekufa. Hivyo basi hata kanda ambayo haikufutwa ina saa yake inayohesabu. Kuihamishia kwenye mfumo wa dijitali ni kazi ya haraka, nayo ni kazi ya fedha.

Kijana wa pipani

Tuje sasa kwa El Chavo, maana hapa ndipo nilipoumia.

Roberto Gómez Bolaños alizaliwa Mexico City mwaka 1929 na kufariki Cancún mwaka 2014. Aliandika miswada ya filamu na redio kabla ya kuanza kuigiza, na mwongozaji filamu Agustín P. Delgado akambandika jina la Chespirito. Jina hilo ni Shakespeare aliyetamkwa kwa ulimi wa Kihispania na kuwekewa kiambishi cha udogo. Kwetu tungesema "Kishekspia". Kijembe na sifa kwa pamoja. Mwaka 1971, akiwa na umri wa miaka 42, alianza kuigiza mtoto yatima wa miaka minane katika kipande kifupi ndani ya kipindi chake. Mwaka 1973 kipande hicho kikawa mfululizo unaojitegemea, ukaenda hadi mwanzoni mwa mwaka 1980, kisha kikarudi kuwa kipande ndani ya kipindi kingine hadi mwaka 1992.

Mandhari ni uani mwa nyumba ya vyumba vya kupanga. Mswahili hahitaji kufafanuliwa uani ni nini. Kuna Don Ramón, mjane asiye na kazi ya kudumu, anayedaiwa kodi ya miezi 14, na binti yake Chilindrina, mjanja kupita kiasi. Kuna Doña Florinda, mjane mwenye majivuno, na mwanawe Quico mwenye mashavu. Kuna Señor Barriga, yaani Bwana Tumbo, mwenye nyumba, ambaye kila akija kudai kodi hupokelewa na kitu cha usoni. Kuna mwalimu Jirafales, mrefu kama twiga, anayemletea Doña Florinda maua. Na kuna Chavo mwenyewe, ambaye hujificha katika pipa na ambaye ndoto yake kubwa duniani ni mkate uliotiwa nyama ya nguruwe (wenzangu wa Pwani mnisamehe, ndivyo ilivyo). Watoto wote wanaigizwa na watu wazima. Ukiizoea fani hiyo unasahau. Usipoizoea, unacheka kwa sababu nyingine.

Jina lenyewe ni somo. "Del Ocho" maana yake "wa Nane", na Nane ilikuwa namba ya chaneli iliyorusha mchezo, Canal 8. Mwaka 1973 kampuni iliyomiliki chaneli hiyo iliungana na mshindani wake ikawa Televisa, mchezo ukahamia chaneli nyingine, na jina likabaki halina maana. Mwandishi akafanya nini? Akatia ndani ya hadithi kwamba mtoto anaishi chumba namba nane, chumba ambacho hatukioni kamwe. Tazama jinsi mkataba wa kibiashara ulivyogeuka kuwa maudhui! Mhakiki asiyejua historia ya kanda angeweza kuandika kurasa kumi kuhusu ishara ya chumba kisichoonekana. Mimi nilikuwa nimeandika mbili.

Lakini jambo lililonivutia zaidi ni hili. Gómez Bolaños alikuwa na tabia ya kuirudia miswada yake. Kisa kile kile kilichezwa mwaka fulani, kikachezwa tena baada ya miaka miwili mitatu, na wakati mwingine tena katika miaka ya 1980, kila mara kikiwa kimeandikwa upya kidogo. Na waigizaji walibadilika. María Antonieta de las Nieves, aliyeigiza Chilindrina, aliondoka kwa muda kisha akarudi. Carlos Villagrán, yaani Quico, aliondoka kabisa mwaka 1978. Ramón Valdés, yaani Don Ramón, aliondoka mwaka 1979. Mwigizaji akiondoka, utani wake haupotei. Unagawanywa kama mirathi. Neno lililokuwa la Don Ramón unalikuta siku nyingine mdomoni mwa mtu mwingine, na huko linachekesha zaidi, au halichekeshi hata kidogo.

Chukua kisa cha wizi uani, ambacho kilichezwa zaidi ya mara moja. Vitu vya wapangaji vinapotea, kila mtu anamnyooshea kidole Chavo kwa kuwa ni maskini kuliko wote, wanamwita mwizi mpaka anafunga kitambaa chake na kuondoka. Katika toleo linalojulikana zaidi mwizi halisi ni mpangaji aitwaye Señor Hurtado, na jina hilo ni lile lile la kitenzi cha kuiba. Mtazamaji wa Kihispania ameshaambiwa jibu tangu dakika ya kwanza, wapangaji ndio hawasikii. Chavo anaporudi anasema amekwenda kanisani, na hakuomba mwizi akamatwe, aliomba mwizi awe mtu mwema. Hurtado anasikia. Hapo vichekesho vinasimama kwa muda, na mtu hacheki. Nilitaka katika semina yangu kulinganisha toleo hili na jingine la kisa hicho hicho, nione mwandishi alikuwa anatafuta nini kila alipokirudia. Hicho ndicho kilikuwa kile kipindi cha tatu.

Ndugu msomaji, hapa ndipo penye kiini cha hoja yangu. Sisi wanafunzi wa fasihi simulizi tunafundishwa tangu mwaka wa kwanza kwamba hakuna ngano moja "sahihi". Kuna matoleo, na kila toleo ni utendaji unaojitegemea, una fanani wake, hadhira yake na siku yake. Tunafundishwa pia kwamba mkusanyaji anayerekodi toleo moja na kutupa mengine ameharibu data. Sasa angalia kampuni ya televisheni inavyofanya. Inachagua toleo moja linalopendeza, lenye picha safi, inalirudia miaka arobaini. Mengine yanakaa ghalani. Wala sisemi ni hila. Ni biashara, na mtazamaji wa kawaida hataki kisa kile kile mara tatu. Lakini mhakiki anakitaka mara tatu.

Na nani amehifadhi matoleo hayo? Mashabiki. Watu waliorekodi kipindi nyumbani kwa kanda za VHS na Betamax, Lima, Bogotá, Buenos Aires, São Paulo, wakaweka kanda kabatini, kisha miaka ya 2000 wakazihamishia kwenye kompyuta. YouTube ilianza mwaka 2005, na Internet Archive, maktaba ya dijitali ya San Francisco, ilikuwapo tangu mwaka 1996. Huko ndiko walikotua.

Kazi yao si mchezo. Nimesoma mijadala yao na naapa nimewahi kuona semina hafifu kuliko hiyo. Kipindi hakina tarehe? Wanatazama rangi ya kuta za uani, nguo alizovaa Quico, nani yupo na nani hayupo, na kama kuna vicheko vya kurekodiwa au la. Hili la vicheko ni kipimo kizuri, kwani mwanzoni mwa miaka ya 1980 Gómez Bolaños aliviondoa, na kipindi kikawa kinatanguliwa na tangazo kwamba, kwa heshima ya watazamaji, hakina vicheko vya kurekodiwa. Mara nyingine nakala nzima imebaki Brazil tu, ambako mchezo ulianza kurushwa mwaka 1984 kwa jina la Chaves. Lakini hapo sauti ni ya Kireno. Basi mtu wa Brazil anatoa picha, mtu wa nchi nyingine anatoa sauti ya Kihispania aliyoipata kwenye kanda chakavu, wanaziunganisha sekunde kwa sekunde. Wanaohariri miswada ya tenzi za kale kwa hati za Kiarabu, nuskha moja ya Lamu na nyingine iliyoko London, wataitambua kazi hii mara moja. Tofauti ni kwamba hawa hawalipwi na hawapewi shahada.

Kuna jambo la kiufundi ambalo mhakiki lazima alijue, nalo linahusu kofi. Kila mara Don Ramón akisingiziwa, Doña Florinda humpiga kofi. Kichekesho kiko katika kasi: mkono unatoka, shavu linageuka, kofia inaanguka. Televisheni ya Mexico ilikuwa na mistari 525 na nusu-picha 60 hivi kwa sekunde. Ya Argentina ilikuwa na mistari 625 na nusu-picha 50. Kanda ya Mexico iliyorushwa Argentina ilibadilishwa kipimo, iliyorekodiwa nyumbani ikafifia, na iliyopakiwa mtandaoni na mtu asiyejua ikapoteza nusu ya nusu-picha zake. Matokeo yake kofi linakuwa kama ukungu. Unasoma mhakiki anaandika kwamba uigizaji wa miaka ya 1970 ulikuwa "mzito". Mzito wapi, bwana? Umetazama nakala mbovu.

Miaka minne ya kimya

Mashabiki hawa, kwa mujibu wa sheria, wengi wao wanakosa. Jamaa yangu mmoja anayesoma Sheria aliniambia bila kupepesa: "Hao ni wezi wenye adabu." Sheria ya Mexico inalinda kazi ya mtunzi kwa miaka 100 baada ya kifo chake, muda mrefu kuliko karibu nchi zote duniani. Kwa maana hiyo, maandishi ya Gómez Bolaños yatakuwa mali ya watu wote baada ya mwaka 2114. Wajukuu wa wajukuu zetu watayahakiki kwa uhuru, kama kutakuwa na kitu cha kuhakiki.

Umiliki wenyewe una matundu. Maandishi na wahusika ni vya mtunzi, na baada yake vya warithi. Kanda ni za Televisa. Mwenye kanda asipokuwa na ruhusa ya maandishi hawezi kurusha. Mwenye maandishi asipokuwa na kanda hana cha kurusha. Hata wahusika waligombewa: Villagrán alipoondoka aliendelea kuigiza yule mtoto mwenye mashavu katika nchi nyingine, lakini jina akaliandika Kiko badala ya Quico. Herufi mbili tu, na wakili akatulia.

Tarehe 31 Julai 2020 mkataba kati ya Televisa na familia ya Gómez Bolaños ulikwisha muda wake, pande mbili hazikuelewana kuhusu malipo, na vipindi vyote vya Chespirito vikaondolewa hewani dunia nzima. Fikiria: mchezo ambao kwa karibu nusu karne haukukosekana katika televisheni za Amerika ya Kilatini, siku moja upo, siku ya pili haupo popote. Ulirudi hewani Septemba 2024. Kwa miaka hiyo minne, anayetaka kuutazama alikuwa na njia mbili: kanda za kabatini mwake, au wale "wezi wenye adabu". Tasnifu na makala zilizoandikwa katika kipindi hicho zilitegemea nini? Nadhani jibu tunalijua, ingawa katika marejeo waandishi hawakuliandika.

Sitaki nieleweke vibaya. Familia ya mtunzi ina haki ya kulipwa, na anayepakia vipindi vya watu ili apate fedha za matangazo simtetei hata kidogo. Ninachokataa ni kuwatia kapu moja anayeuza na anayehifadhi. Maktaba hununua nakala moja na kuwaazima wasomaji mia, na hakuna aliyewahi kuiita genge. Televisheni haikupata maktaba ya namna hiyo, basi watu wakajijengea yao kwa mbao walizookota.

Inawezekana kufanya vizuri zaidi, na mifano ipo. Shirika la utangazaji la umma la Hispania, RTVE, limeweka sehemu kubwa ya hifadhi yake mtandaoni. Humo unaweza kutazama Historia de la frivolidad ya mwaka 1967, iliyoandikwa na Jaime de Armiñán na Narciso Ibáñez Serrador, kejeli kali juu ya udhibiti iliyotengenezwa chini ya udikteta wenyewe wa Franco. Bibi mmoja wa chama cha kupinga upuuzi anatoa mhadhara kuhusu historia ya dhambi tangu Adamu na Hawa, na kila dhambi inamkera na kumvutia kwa kipimo kile kile. Hapo nyumbani ilirushwa usiku sana. Huko Montreux, mwaka 1968, ilipata Waridi la Dhahabu. Bila hifadhi tungekuwa na habari za tuzo bila kazi iliyotuzwa.

Mfano wa pili naupenda kwa sababu unatugusa sisi tunaozungumza Kiswahili na Kiingereza katika sentensi moja na kukemewa. ¿Qué pasa, U.S.A.? ni vichekesho vya kituo cha umma cha WPBT, Miami, vipindi 39 tu, kuanzia mwaka 1977 hadi mwaka 1980. Familia ya Peña imetoka Cuba. Babu na bibi wanaongea Kihispania. Baba na mama wanaongea Kihispania na Kiingereza cha kuchechemea. Watoto, Joe na Carmen, wanaruka kutoka lugha hii kwenda ile kama mtu anayevuka mtaro. Hapakuwa na tafsiri chini ya picha. Asiyejua lugha moja alichekea nusu, na huo ndio ulikuwa uhalisi wenyewe, maana hata ndani ya nyumba ile kila mtu alichekea nusu yake. Hakuna mswada uliochapishwa unaoweza kutoa lafudhi ya baba akisema Kiingereza. Lazima isikike. Vipindi hivyo vinatazamika mtandaoni, na anayefanya utafiti kuhusu kuchanganya ndimi namshauri avianze leo.

Wa tatu ni wa Argentina. Shirika la utangazaji la umma la huko lilifungua hifadhi ya mtandaoni iitwayo Prisma mwaka 2015. Nikiwaza hifadhi na Argentina namkumbuka Tato Bores, mchekeshaji mwenye koti rasmi, wigi na miwani, aliyezungumza siasa kwa kasi ya cherehani. Mwaka 1992 jaji mmoja alipata amri ya mahakama kuzuia kipindi chake kisimtaje. Bores akakusanya wasanii na watu maarufu, wakaimba kwa pamoja wimbo wa kumsifu jaji ambaye jina lake limegeuzwa kuwa silabi zisizo na maana. Amri ilitimizwa kwa herufi na kuchekwa kwa sauti. Mwezi Septemba mwaka huo huo Mahakama Kuu ikaitengua. Sasa, ukisoma hukumu peke yake huoni kichekesho. Ukitazama wimbo peke yake huoni hatari. Mhakiki anahitaji vyote viwili, na hukumu ina mahali pake pa kuhifadhiwa tangu zamani. Wimbo ndio uliohitaji kuokolewa.

Katika mwaka huo huo wa 1992 Bores alikuwa na kipande ambacho mtaalamu wa mambo ya kale, Mjerumani, katika zama za mbele sana, anachimba kutafuta ushahidi kwamba kuliwahi kuwa na nchi iitwayo Argentina. Anaokota kipande hapa, kipande pale, anajaribu kueleza ni watu gani hawa na walipotelea wapi. Mara ya kwanza nilikicheka. Mara ya pili nilikuwa nimeshapoteza kipindi cha tatu.

Tangu semina ile nimebadili utaratibu. Kila kipindi ninachokitumia naandika kilirushwa lini kama inajulikana, nakala ilitoka chaneli ya nchi gani, ina dakika ngapi, sauti ni ya lugha gani, vicheko vipo au havipo, na niliitazama tarehe gani. Wenzangu wananiambia nimekuwa karani. Aliyenisaidia katika hili ni mwalimu yule yule wa semina. Baada ya darasa kutoka alinionyesha daftari lake la miaka ya uchunguzi wa michezo ya redio, Pwagu na Pwaguzi ikiwamo, limejaa mistari aliyoinukuu kwa mkono, sikio likiwa kwenye redio, kwa sababu hakuwa na kinasa sauti na alijua hataisikia tena. Baadhi ya mistari inaishia katikati. Hapo mchezo ulimpita.

Vipindi vyangu kumi na kimoja viko kwenye diski. Cha kumi na mbili ni kile cha uani na mwizi, toleo lisilo na Señor Hurtado, picha ina michirizi ya kijani upande wa kushoto. Mwenye nacho, au mwenye hoja ya kunipinga, aandike katika toleo lijalo.